Mwani Wangu Una Njaa

Jumatatu, tarehe 4 Machi

Mwani umeanza kuwa njano. Si wa kila mtu. Wangu tu.

Nimegundua leo nilipovuta kamba ya kwanza hadi ubavuni mwa mashua. Wakati huu wa mwaka majani yanatakiwa yawe yamenipita kimo, mapana kama mkanda wa askari, meusi hata yanang'aa. Yangu yananing'inia mafupi, mepesi, rangi ya chai ya mgonjwa. Kamba za Shoucheng, zilizopakana na zangu, ni nyeusi kama sosi ya soya. Shoucheng ni mwanyumba wangu: mimi nimeoa dada mkubwa, yeye ameoa mdogo. Kwa hiyo mimi ndiye mkubwa. Mwani haulijui hilo.

Na haya yamenikuta katika wiki mbaya. Juzi mwenyekiti wa ushirika alitangaza kwamba maji ya mbele, yale ya kwenye mdomo wa ghuba, yamebaki bila mwenyewe, maana mzee aliyekuwa nayo amehamia Qingdao kwa binti yake. Mwanzoni mwa Mei kila mtu atatoa kamba yake moja mbele ya watu wote, na mwenye mwani bora ndiye atakayepewa. Kule mkondo una nguvu, maji ni baridi, chakula cha mwani kinapita chenyewe. Hata mjinga anavuna. Ni mahali panaponifaa kabisa.

Mke wangu Guizhen aliutazama mwani akasema una njaa. Nikamwambia mmea unaoishi ndani ya supu hauwezi kulala njaa. Akasema kwenye kona yetu maji hayatembei, kilichokuwamo kimeshaliwa, ndiyo maana ni maangavu hivyo. "Supu inayokuonyesha ua lililochorwa chini ya bakuli," akasema, "hiyo si supu, ni maji ya kuoshea bakuli."

Mama mkwe, anayelala kwetu na kula kwetu, aliongeza kwamba mwani wa Shoucheng mwaka huu ni kama mkia wa farasi wa harusi. Hakuna aliyemuuliza.

Alhamisi, tarehe 7 Machi

Nimepata dawa.

Marehemu baba aliwahi kunisimulia kwamba enzi za komuni, kijiji kizima kilipolima pamoja, walitundika baharini vyungu vya udongo vilivyojaa mbolea, ikawa inavuja kidogokidogo, mwani ukanenepa. Wazo zuri, vyombo vya kizamani. Mimi nina chupa za plastiki. Mbolea nayo ipo. Guizhen aliweka stoo mbolea ya kukuzia kwa ajili ya ngano, na ngano haijalalamika.

Nimetoboa chupa kwa msumari wa moto, nikajaza, nikazifunga katikati ya kamba. Guizhen nilimwambia naenda kutazama maboya. Sikusema uongo. Niliyatazama.

Jumanne, tarehe 12 Machi

Chupa zote tupu. Mwani wangu haujabadilika hata unywele.

Nimekutana na Shoucheng gatini, anacheka peke yake kama aliyeota. Akaniambia kamba zake za upande wangu zimechangamka ghafla kuliko zote, hajui bahari imekula nini wiki hii. Akaniomba nizione. Nikaziona. Majani yamekuwa manene, yanateleza, mtu angeweza kuyashonea viatu.

Nyumbani nikamweleza Guizhen, kama habari tu ya mjini. Akaniuliza maji yakitoka, hutoka yakielekea wapi. Nikamjibu maji huenda yanakotaka. Akaniuliza tena: yakipita kwetu, baada ya hapo yanapita kwa nani?

Nilikuwa nimeshaelewa. Wiki nzima nimempikia jirani.

Kisha akaenda stoo. Aliporudi hakupandisha sauti. Alisema tu kwamba sasa tuna mwani wa njano na tutakuwa na ngano ya njano, angalau vitafanana.

Jumanne, tarehe 19 Machi

Kosa halikuwa wazo. Kosa lilikuwa mbolea inayoyeyuka upesi. Mbolea ya chumvichumvi ni chumvi, inakimbia. Kinachotakiwa ni kitu kizito, chenye subira. Yaani kinyesi cha kuku.

Jamaa mwenye mabanda ya kuku nyuma ya kilima alinipa bure na akanishukuru. Hilo lingemshtua mtu mwingine. Nilijaza magunia, nikayapakia kwenye mashua asubuhi kweupe, maana mtu asiye na kosa hajifichi. Shakwe wa ghuba nzima walinifuata. Nilipita katikati ya mashua za wenzangu nikiwa na wingu jeupe linalopiga kelele juu ya kichwa. Watu waliinua mikono. Nilidhani wananisalimu. Walikuwa wanaziba pua.

Sikuwa nimefunga hata nusu ya magunia mwenyekiti alipofika kwa boti yake. Huwa mtu mpole. Akaniuliza kama najua chaza anaishije. Nikasema anaishi vizuri. Akaniambia chaza hunywa maji ya bahari mchana kutwa na kubaki na kilichomo, na ghuba hii imejaa chaza wa watu, na chaza hao huliwa, tena na wengine wabichi.

"Yongquan," akasema, "hapa tunalima chakula. Kitoe. Chote. Sasa hivi."

Nimekitoa. Kukirudisha ni kuzito kuliko kukipeleka, kwa sababu kimelowa. Adhabu yangu ni kufagia uwanja wa kuanikia mwani mpaka mwisho wa mwezi. Mama mkwe amehamishia bakuli lake jikoni. Anasema hana ugomvi nami, ila mikate ya mvuke hunyonya harufu.

Jumatano, tarehe 27 Machi

Nafagia. Uwanja ni mkubwa, upepo hautaki.

Shoucheng alikuja na ufagio wake, akaanza kunisaidia bila kuombwa. Mtu anayesaidia bila kuombwa ana lake jambo. Nikaona nimchokonoe. Nikamuuliza, kwa mzaha, siri ya mwani wake ni nini.

Akaniambia. Hivihivi, akifagia. Kwamba kati ya kila kamba na kamba ametundika vizimba vya wavu vyenye chaza. "Chaza anakula, kaka, halafu anakojoa. Mkojo wake ndio chakula cha mwani. Mwani nao unamsafishia maji. Mimi kazi yangu ni kufunga mafundo tu."

Nikamuuliza nani mwingine anajua. Akashangaa. Akasema wote wanajua, nusu ya ghuba inafanya hivyo, na alishanieleza mwaka juzi nyumbani kwangu tukila maandazi ya samaki, nikamwambia mkulima wa mwani hafugi konokono.

Sikumbuki. Lakini ni sentensi nzuri, inawezekana ni yangu.

Nimewaza tangu mchana. Nikimwomba chaza, atanipa, na kila harusi na kila msiba mpaka nife watu watasema Yongquan alisimama kwa mkojo wa chaza wa mwanyumba wake mdogo. Haiwezekani. Inabidi anipe chaza akidhani mimi ndiye ninayempa kitu.

Alhamisi, tarehe 4 Aprili

Leo ni Qingming, siku ya makaburi. Tumekwenda kufagia kaburi la baba mkwe. Mimi na Shoucheng tumeng'oa majani, wanawake wamepanga matunda na mayai ya kuchemsha. Mahali pazuri pa kusemea jambo. Kaburini watu hawabishi.

Nikamvuta pembeni nikamwambia nina jamaa mjini Rongcheng, yuko ofisi ya mambo ya bahari, amenidokezea kwamba maji mekundu yanakuja. Yale yanayoua chaza. Na yataingia kwa upande wake. Kona yangu, kwa kuwa maji hayatembei, itasalimika. Nikamwambia kwa kuwa mimi ndiye mkubwa siwezi kukaa nikitazama mali ya mdogo wangu inaoza. Alete vizimba vyake kwangu, nitavitunza.

Nilikuwa nimejiandalia majibu ya maswali yote. Hakuuliza hata moja. Alinishika mkono kwa mikono yake yote miwili. Akasema, "Kaka, sikujua kwamba unanifikiria hivi."

Nikasikia kitu kikinibana kifuani. Bila shaka ni yai. Nililimeza zima.

Jumatano, tarehe 10 Aprili

Chaza wamefika. Wengi kuliko nilivyotarajia. Shoucheng amewaambia na marafiki zake, nao wakaleta wa kwao, kila mmoja akinipiga bega na kuniita mtu wa watu. Mashua zilipanga foleni. Nilitaka kukataa, lakini mtu anayezuia janga hawezi kuchagua wa kuwaokoa.

Tumefunga vizimba kila mahali palipokuwa na nafasi na mahali pengine ambapo hapakuwa nayo. Shoucheng akaniambia uzito ni mkubwa, akajitolea kuniletea maboya yake ya akiba. Nimekataa kwa heshima. Naijua michezo hii. Leo unakubali boya lake, kesho anasema kona ni yake.

Guizhen alikuwa kwenye mashua ya mdogo wake, mke wa Shoucheng. Wote wawili walikuwa wakinitazama. Nikawapungia mkono. Nadhani walikuwa wananiheshimu.

Alhamisi, tarehe 18 Aprili

Naandika kwa furaha. Mwani unageuka!

Juzi ulikuwa rangi ya majani makavu. Leo ni kahawia, na karibu na shina ambako jani ni changa ni mweusi kabisa. Nimelipima kwa kiganja, nimelinusa, nimelitafuna. Linateleza mdomoni kama sabuni tamu. Chaza wanakojoa mchana kutwa, hawajui wanamkojolea nani. Nimekaa kwenye mashua nikiwatazama kama mfalme anayetazama jeshi.

Nguru nao wameanza kuingia, na kwetu nguru wa kwanza wa majira haya mkwe humpelekea mzazi wa mke wake. Nilimnunulia mama mkwe wa kutosha sufuria. Shoucheng akaja na mmoja ambaye ilibidi mkia wake utokeze mlangoni. Mama mkwe akaamuru nguru wangu akatiwe kwenye maandazi na wa Shoucheng awekwe mezani mzima ili watu wamwone. Sikujali. Nikala kwa utulivu. Nikamwambia mama mkwe kwamba ikifika Mei ataniona mimi kwenye maji ya mbele. Akasema macho yake si mazuri lakini atajitahidi.

Jioni Guizhen ameniambia maboya yetu yamezama mpaka shingoni. Nimemwambia mtu aliyeshiba hukaa hivyo.

Jumanne, tarehe 23 Aprili

Sijui nianzie wapi.

Upepo wa kusini-mashariki ulianza jana, na mvua. Leo asubuhi nimefika gatini, nikatazama kona yangu, nikaona bahari tupu. Hakuna boya. Nikadhani nimeibiwa. Nikaenda kwa mashua mpaka pale pale. Nikainama, nikaona kitu cheupe kirefu chini, kimelala kama nyoka. Shamba langu lote lilikuwa chini ya maji. Chaza wamekua, kome wamewapanda juu ya migongo, mawimbi yakavuta, boya la kwanza likaenda, la pili likalifuata, na yote yakashuka. Mwani wangu umelala kwenye matope. Kule hakuna jua. Chaza nao, wakimezwa na matope, hawafiki kesho. Na wale si wangu. Ni wa watu walionipiga bega.

Nilijaribu kuvuta peke yangu. Mashua ikalala ubavu, nikajaza buti maji. Nikakaa chini. Kwa mara ya kwanza tangu Machi sikuwa na wazo lolote.

Nilikwenda kwa Shoucheng. Alikuwa anakunywa uji. Nikamwambia yamezama. Hakumaliza bakuli. Aliita mke wake, mke wake akamwita Guizhen, na kabla sijapumua kulikuwa na mashua tatu majini, na maboya yale ya akiba niliyoyakataa yakiwa yameshapakiwa. Nikaona yalikuwa yamefungiwa kamba zamani, tayari.

Tumefanya kazi siku nzima ndani ya mvua. Guizhen anashika usukani, mdogo wake anafunga maboya, mimi na Shoucheng tumelala kifudifudi tukivuta. Kila kizimba kilipanda kikitapika matope. Ganda la chaza likamchana Shoucheng kiganja chote, akaendelea kuvuta. Chaza karibu wote wamepona. Mwani, labda nusu. Uliobaki umechubuka, tumeukata tukautupa.

Tukirudi, yeye na mimi kwenye mashua moja, akaniuliza hayo maji mekundu yanafika lini. Nikasema yatakuwa yamebadili njia.

Akacheka, taratibu. Akasema, "Kaka, siku ileile tuliyotoka kaburini niliwauliza watu wa ofisi ya bahari. Hakuna maji mekundu."

Nikamuuliza mbona basi aliniletea chaza.

"Dada Guizhen alikuja kwetu. Akasema huli vizuri, unazungumza na mwani. Ungeniomba ningekupa. Lakini wewe kuomba huwezi, nikaona bora nikuache unidanganye."

Nimetukanwa kwa upole, na tusi la hivyo halina pa kulijibia. Mkono wake ulikuwa unatiririka damu, nikaufunga kwa leso yangu, ile nzuri. Sijui kwa nini naliandika hili.

Jumapili, tarehe 5 Mei

Siku ya kamba. Watu wote gatini, watoto mabegani, mama mkwe kwenye kiti cha mianzi kilichobebwa na wakwe wawili. Mimi nilishika upande mzito.

Kamba yangu ikapandishwa. Mwani wa juu mweusi, mzuri kweli. Wa katikati haupo. Wa chini una matope. Mwenyekiti akasema inaonekana kama mtu aliyenyolewa na kinyozi akakimbia katikati ya kazi. Watu wakacheka. Nami nikacheka, ili wasijue ni mimi.

Kamba ya Shoucheng ikashinda, japo mwani wake umepauka kidogo tangu chaza wake waje kukaa kwangu. Hilo nililisema kwa sauti. Hakuna aliyelichukua.

Kisha Shoucheng akasimama. Akasema maji ya mbele anayapokea, ila si peke yake. Mwani na chaza pamoja ni kazi ya nyumba mbili, na anaomba waandikwe yeye na dada Guizhen, ambaye anajua kugeuza kamba, kupunguza miche na kusoma maji kuliko yeye. Mwenyekiti akakubali hapohapo. Watu wakapiga makofi. Guizhen akalia. Sijamwona akilia tangu binti yetu aolewe.

Nami nimeguswa. Shoucheng amekiri mbele ya kijiji kizima kwamba hawezi bila mimi. Ni kweli alisema Guizhen. Watu wastaarabu humtaja mke wakimaanisha mume.

Jumatano, tarehe 8 Mei

Tumekaa kikao, sisi wanne, maji ya mbele yafanyweje. Chaza wataingia kwa hesabu, maboya mawili pale palipotosha moja, na mwani ulishwe na chaza tu. Kisha Guizhen akasema kuna sharti moja, akanitazama. Mtu yeyote asitie kitu chochote majini mpaka wote wanne wakubali. Nimekubali kwa moyo wote. Nimesema hata mimi nilikuwa nataka kulipendekeza. Mdogo wake akakohoa.

Nimeyatafakari yote yaliyopita, kama mtu mzima anavyopaswa. Nimeona kosa langu lilikuwa wapi. Mbolea ya chupa ilikimbia na mkondo. Ya kuku ilirudishwa. Chaza walikuwa wazito. Shida ni moja tu: hakuna hata kimoja kilichokuwa na sababu ya kukaa.

Nikiwa sokoni nimekutana na mtu anayeuza wale wanyama wa baharini wa mviringo, wenye miiba mwili mzima kama chungwa lililochomwa sindano. Amenithibitishia kwamba wanakunya usiku na mchana, kwa ukubwa wao hakuna anayewazidi, na ni wepesi, boya halitambui. Nikamuuliza wakiachiwa kwenye maji yenye mkondo hawatahama. Akasema inategemea chakula. Nikamuuliza wanakula nini. Akasema chochote, lakini wakishapata mwani hawaondoki hapo mpaka uishe.

Nimechukua kapu zima. Sharti linasema nisitie kitu majini, nami sitatia. Nitaliweka kapu kwenye ukingo wa mashua, likiwa wazi, halafu nitatazama upande mwingine.